Kuridhika Nyuma ya Kaunta: Kuisoma "Uhuru Street" Ukiwa Mchafukoge

Kiswahili kina neno "kuridhika" na kina neno "kukinai", na hilo la pili lina utani wake. Mtu aliyekinai ametosheka na alicho nacho, hatamani cha jirani. Lakini wali wa nazi uliokukinai ni ule ambao ukiongezwa kijiko kimoja tu, unautapika. Kutosheka na kuchoshwa, neno moja. M.G. Vassanji anaandika kwa Kiingereza na sidhani kama alikuwa na neno hilo kichwani, ila hadithi zake za "Uhuru Street" zinakaa hapo hapo, kati ya maana hizo mbili.

Kitabu kilitoka 1991 katika mfululizo wa African Writers Series wa Heinemann. Mtaa wenyewe ni huu huu tunaoujua: unatoka upande wa Mnara wa Saa, unaipita Mnazi Mmoja, unaendelea kuelekea Ilala na Buguruni. Zamani uliitwa Kichwele. Vassanji alizaliwa Nairobi 1950 akakulia Dar, mtoto wa mama mjane mwenye duka. Mwaka 1970 akaenda Marekani kusoma, akawa mwanafizikia wa nyuklia, na kuanzia 1978 makazi yake ni Kanada. Ndiyo maana wahakiki wengi humweka kwenye kabati la "waandishi wa uhamaji" na kufunga mlango. Mimi ningependa tumsome kama mwandishi wa saa nane mchana.

Nina maana gani? Ukipita Mchafukoge saa nane, hasa mitaa ya nyuma, unajua kuna muda wateja wanakata. Jua kali, mwenye duka amejiegemeza, msaidizi anasinzia juu ya marobota, muuza kahawa anagonganisha vikombe vyake kwa mbali. Hakuna kinachotokea. Waandishi wetu wengi wangeruka hapo waende kwenye ugomvi. Vassanji anakaa. Hadithi inayofungua kitabu inaitwa "In the Quiet of a Sunday Afternoon", na jina hilo ni sawa na ilani: nitakuonyesha mtaa ukiwa umenyamaza.

Kwa msomaji aliyelelewa na fasihi ya Kiswahili, hili si jambo dogo. Sisi raha ya maisha ya kawaida tumefundishwa kuitafuta shamba. Katika "Utubora Mkulima" ya Shaaban Robert, mtu anaacha kazi yake ya ofisini, anashika jembe, na huko ndiko utu wake unakotulia. Halafu likaja Azimio la Arusha, 1967, na kijiji kikawa si mahali pa kupumzikia tu bali mahali pa haki. Mji ukabaki pa ulaji na ujanja. Na mwenye duka, hasa Mhindi, tulishamjua ni nani: kupe, mnyonyaji. Kwa hiyo mtu anapokuja na kitabu kizima kinachosema kwamba nyuma ya kaunta ya Uhuru Street kulikuwa na watu waliokuwa wakicheka usiku baada ya kufunga hesabu, anatuomba kitu kigumu kidogo. Anatuomba tumruhusu yule kupe naye awe na jioni njema.

Je, anastahili ruhusa hiyo? Hapa ndipo naona kitabu kinapimwa.

Hadithi inayojibu vizuri kuliko zote ni "Leaving". Mama amelea watoto kwa duka. Mabinti wameolewa, duka limeuzwa, familia imehamia Upanga kwenye utulivu. Kijana mmoja, Aloo, anapata nafasi ya chuo Marekani. Basi. Kisa ni hicho tu: aende au asiende. Lakini angalia Vassanji anaweka nini kwenye mizani. Upande mmoja kuna barua ya chuo. Upande wa pili hakuna hoja yoyote, kuna jioni tu: mama na watoto waliobaki, sebuleni, mazungumzo ya kawaida. Mama akisema ndiyo, jioni hizo zimekwisha, na analijua hilo kabla ya kijana kulijua. Akisema hapana, zitabaki lakini zitaoza, kwa sababu kijana atakuwa amekaa pale akiwaza pengine. Ridhaa ya mama huyo haimfanyi mnyonge wala mvivu wa kutamani. Ni mali, na anaitoa. Nimesoma mahubiri mengi mtandaoni kuhusu "kufurahia vitu vidogo", na karibu yote yanasahau kwamba vitu vidogo navyo vina gharama, na mara nyingi anayelipa ni mama.

Ila sitaki kumpa Vassanji alama zote. Kuna mambo mawili.

La kwanza ni lugha. Duka la Uhuru Street liliendeshwa kwa Kiswahili, kile cha "punguza kidogo mama", "chukua basi, lakini usimwambie mtu". Kujadili bei kwetu si biashara tu, ni starehe. Watu wawili wanaweza kuachana bila kuuziana kitu na kila mmoja akaenda zake amefurahi. Kwenye Kiingereza cha kitabu starehe hiyo inapungua. Kunabaki bei. Nilipokuwa nasoma nilijikuta natafsiri mazungumzo kurudi yalikotoka, na kila nilipofanya hivyo mtaa uliamka. Ida Hadjivayanis ametupa "Peponi", tafsiri ya "Paradise" ya Gurnah, mwaka 2022. Vassanji naye anahitaji mkono wa namna hiyo, tena haraka, maana watu wanaokumbuka msamiati wa maduka yale wanazeeka.

La pili ni zito zaidi. Utulivu wa Jumapili mchana ni wa nani? Nyumba hizi zina watumishi. Mwandishi anawaona, hilo nampa: mmoja wao, Ali, amepewa hadithi yenye jina lake. Lakini tunamwona kwa macho ya nyumba anayoifanyia kazi. Anakotoka asubuhi, anachocheka na wenzake, kahawa anayokunywa amechuchumaa pembeni ya barabara, hayo hatuyapati. Mnazi Mmoja iliwekwa na wakoloni kama uwazi wa kutenganisha Uhindini na makazi ya Waafrika Kariakoo, na kitabu hiki, pamoja na upendo wake wote, kwa sehemu kubwa kinautazama uwazi huo kutoka upande mmoja.

Mwaka 1971 serikali ilitaifisha majengo yenye thamani ya zaidi ya shilingi 100,000, na hadithi za mwishoni mwa kitabu zinaanza kuwa za watu waliofunga virago. Wapo wasomaji wanaoona sehemu hiyo ndiyo bora. Mimi naiona nyepesi. Watu wanasafiri mno, na mwandishi hapati tena nafasi ya kukaa nao kimya.

Mwaka 2014 alitoa kumbukumbu zake, "And Home Was Kariakoo". Humo anarudi, anazunguka nchi kwa basi, anatafuta. Ni kitabu kizuri, chenye habari nyingi za Kilwa, Tanga na kwingineko. Lakini kitendo kwenye jina lake kiko katika wakati uliopita, na unausikia katika kurasa zote: mgeni mwenye adabu anayeijua njia. Hadithi fupi hazina adabu hiyo. Zinasema mtaa upo, leo, duka limefunguliwa.

Ukiweza kupata nakala, anza na "Leaving", halafu "Ali", kisha ndiyo urudi kwenye ile ya Jumapili mchana. Ukiisoma Jumapili hiyo baada ya Ali, utajikuta unamsikiliza zaidi anayeosha vyombo huko uani.