Mwana wa Fundi Vioo

Mwana wa mhunzi asiposana huvukuta. Methali hii hunikumbusha kijana mmoja wa Philadelphia, Thomas Godfrey, aliyezaliwa mwaka 1736, Marekani ingali makoloni ya Uingereza. Baba yake, naye Thomas Godfrey, alikuwa fundi wa vioo aliyejisomea hesabu mwenyewe, na mnamo mwaka 1730 akabuni chombo cha mabaharia cha kupimia kimo cha jua na nyota juu ya upeo wa bahari. Benjamin Franklin, aliyewahi kukaa naye nyumba moja, aliandika kwamba hakuwa mtu wa kustareheka naye kwa mazungumzo, maana kila lililosemwa alitaka liwe sahihi kabisa, na hata jambo dogo hakuliacha lipite.

Mwanawe hakushika vioo wala hesabu, lakini kiu ile ya usahihi ilimwingia damuni. Baba alifariki mwaka 1749, kijana akawekwa mwanagenzi kwa fundi saa. Ushairi ulimsumbua huko huko mezani, hadi William Smith, mkuu wa chuo cha Philadelphia, alipokiona kipaji chake na kumsaidia atoke kwenye mkataba ule. Akaingia katika kundi la vijana wenye vipaji, akiwemo Benjamin West, aliyekuja kuwa mchoraji mashuhuri London. Mwaka 1758 alikwenda vitani akiwa luteni, na mwaka uliofuata akahamia Wilmington, North Carolina, kufanya kazi ya uwakala wa biashara. Huko, akiwa na umri wa miaka 22, alikamilisha tamthilia ya kishairi yenye vitendo vitano, The Prince of Parthia.

Aliyewahi kutunga atajua uzito wa kazi hiyo. Sisi huhesabu mizani: nane kwa nane, kumi na sita kwa mshororo, na sikio hukaa tayari likingojea kina. Kipimo alichotumia Godfrey, kile kile cha Shakespeare, ni cha namna nyingine. Mshororo una silabi kumi, hafifu ikifuatwa na nzito, mara tano, kama watu wawili wanaotwanga kinu kimoja, huyu kwa mchi mwepesi na yule kwa mchi mzito. Kina hakuna. Wasomaji wetu walionjeshwa ushairi wa jukwaani usiofungwa na vina pale Mwalimu Julius Nyerere alipotafsiri Julius Caesar mwaka 1963 na Mabepari wa Venisi mwaka 1969.

Wengi hudhani kuondoa vina ni kujirahisishia kazi. Sivyo. Kina ni kama msumari, hushika ubao hata kama haukurandwa vizuri. Ukiuondoa msumari, mbao zenyewe lazima zikae sawasawa. Mapigo yakilingana mno, mwigizaji ataimba badala ya kusema. Yakilegea mno, shairi litageuka maneno ya sokoni. Mtunzi hana budi kujua mwigizaji atavuta pumzi wapi, neno gani atalitua kwa uzito, na wapi hasira itamkatisha kabla mshororo haujaisha. Huo ni ufundi wa kupima kinywa cha binadamu, na haupungui hata kidogo kwa ule wa kupima nyota.

Tazama kitendo cha mwisho. Arsaces, mwana wa mfalme, yumo vitani akipigana na Vardanes, ndugu yake mwenye kijicho. Evanthe, mpenzi wake, hawezi kuyaona mapambano, basi anamtuma mjakazi wake Cleone akatazame. Jukwaani hakuna farasi wala mishale. Vita vyote vinatufikia kwa kinywa cha mjakazi. Cleone anamwona shujaa akianguka, anadhani ni Arsaces, anarudi na habari ya msiba. Evanthe anakunywa sumu. Kitambo kidogo Arsaces anaingia, mzima na mshindi, akimkuta mpenzi wake yu katika kukata roho, naye anajiua.

Kila nikifika hapo humfikiria yule baba asiyekubali neno lisilo sahihi. Mwanawe ameijenga tanzia yake juu ya neno moja lililosemwa kabla halijapimwa. Ni kweli kwamba sauti ya Shakespeare inasikika humo kuanzia mzuka wa mfalme hadi sumu yenyewe. Silioni hilo kuwa aibu. Mwanagenzi huanza kwa kuuiga mkono wa bwana wake, na Godfrey hakupewa miaka ya kuutafuta mkono wake mwenyewe.

Alikuwa ameipeleka tamthilia yake Philadelphia mwaka 1759, akitumaini wachezaji wangeipokea, lakini ilichelewa. Tarehe 3 Agosti 1763 alikufa kwa homa huko Wilmington, akiwa na miaka 26. Rafiki yake, mshairi Nathaniel Evans, ndiye aliyezikusanya kazi zake na kuzichapisha mwaka 1765. Bila mkono huo wa rafiki, pengine leo tusingekuwa na la kusoma.

Kisha ikaja jioni ya 24 Aprili 1767. Nje kidogo ya mipaka ya mji wa Philadelphia, kwa kuwa Wakweka, waumini wa dhehebu la Kikristo, hawakutaka michezo ya kuigiza ndani ya mji, palikuwa na jumba jipya la maonyesho, Southwark. Kikundi cha David Douglass kilikuwa kimetangaza mchezo mwingine, wa kuchekesha, ukaondolewa kwa sababu uliwagusa watu wa mji. Pengo likazibwa na The Prince of Parthia, ikawa tamthilia ya kwanza ya mzaliwa wa Marekani kuchezwa na waigizaji wa kulipwa katika nchi yake.

Tanuri lilikuwa limezimika karibu miaka minne. Hata hivyo, katika mwanga wa taa za mafuta, waigizaji wale walivuta pumzi pale pale alipowapimia, wakatua pale alipotaka watue. Mwana wa fundi vioo alikuwa amesana.