Mwendo wa Bibi

Saa kumi na mbili na nusu asubuhi Noah yetu ilisimama kando ya barabara ya Uru, mahali pasipo duka wala kituo. Tulidhani tairi limepata pancha. Kiongozi wetu alishuka, akazunguka, akafungua mlango wa upande wa pili na kusema, "Karibuni chini." Basi. Mlima Kilimanjaro ulikuwa wazi kuanzia mabegani hadi kileleni, na barafu yake iliyobaki imeshika rangi ya waridi. Tuliuangalia kwa dakika kumi hivi. Kisha wingu likapanda kutoka msituni na kuufunika kama mtu anayejivutia shuka, naye kiongozi akatazama saa yake, akatwambia tupande.

Hakutaja urefu wa mlima. Kila mtu garini aliujua ama angeupata kwenye simu: mita 5,895. Hakutaja chochote, na mimi, ambaye kazi yangu ni maneno, nilianza kumtazama kwa makini tangu pale.

Nilimkumbuka mwenzake wa zamani. Mwaka 1848 mmisionari Mjerumani, Johannes Rebmann, alitoka Rabai, nyuma ya Mombasa, kuelekea Uchagani akiongozwa na mtu wa misafara aliyeitwa Bwana Kheri. Tarehe 11 Mei Rebmann aliona weupe juu ya mlima, akadhani ni wingu. Kiongozi wake aliuita weupe ule kwa neno moja tu: baridi. Rebmann akajua mwenyewe kwamba ile ni theluji. Huko London wasomi wakiongozwa na William Desborough Cooley walibisha kwa miaka kwamba theluji haiwezi kukaa karibu na ikweta, wakaandika na kuandikiana. Yule wa msafara alikuwa na neno moja, na ndilo lililokuwa sahihi.

Safari yetu ilikuwa ya siku moja, ile inayouzwa kila kona ya Moshi: asubuhi maporomoko ya Materuni na kahawa, mchana chemchemi za Chemka, jioni nyumbani. Nilishawahi kuifanya miaka kadhaa nyuma na kampuni ambayo sitaitaja. Tulikuwa kumi na wanane, kiongozi alikuwa kijana mwenye mbio, na wa mwisho wetu walifika kwenye maporomoko wakati wa kwanza wanarudi. Sikumbuki kingine zaidi ya visigino vya aliyekuwa mbele yangu.

Safari hii tulikuwa sita. Mimi na mpwa wangu kutoka Dar es Salaam, wauguzi wawili wa Kiholanzi, na bibi mmoja mwalimu mstaafu kutoka Pangani, aliyeletwa na mjukuu wake kama zawadi. Bibi alikuwa na miaka zaidi ya sabini, baibui, na raba nyeupe ambazo bila shaka zilinunuliwa jana yake. Nilipomwona nikasema moyoni, leo hatufiki.

Kiongozi alimwamkia kwa heshima, "Shikamoo, bibi," akaitikiwa marahaba, kisha akatuuliza mmoja mmoja tunatoka wapi. Alisikiliza majibu kama karani anayeandika, ila hakuandika. Alikuwa mtu wa miaka arobaini na kitu, mwembamba, mwenye fimbo ya mkahawa iliyosuguliwa na viganja hadi ikang'aa. Alianza kazi akiwa mgumu, ndivyo wapagazi wa Kilimanjaro wanavyoitana, akabeba mizigo ya watu kwa miaka kabla ya kupewa watu wenyewe. Chuo cha Mweka, kilichofunguliwa mwaka 1963 kufundisha wahifadhi wa wanyamapori, hakiko mbali na kwao, lakini hakukisoma. Alijifunza nyuma, kwa kuangalia migongo.

Kutoka kijijini Materuni hadi kwenye maporomoko ni mwendo wa dakika arobaini na tano kwa mtu wa kawaida. Njia inakata vihamba, ile bustani ya Mchaga ambayo mgeni huiona kama msitu: juu miringaringa na migrivea, chini yake migomba, chini ya migomba mibuni, chini kabisa magimbi na majani ya ng'ombe. Kuna kupanda, kuna kushuka, na utelezi wa udongo mwekundu. Kabla hatujaondoka alifanya jambo dogo. Alisema, "Bibi, naomba ukae nyuma yangu hapa, unisaidie kuangalia njia." Bibi akafurahi kupewa kazi. Sisi wengine tukajipanga nyuma yake, na kuanzia hapo hakuna aliyeweza kwenda haraka kuliko yeye.

Mwendo wenyewe ulikuwa kitu cha kutazama. Kiongozi alikuwa anaweka wayo mzima chini, anauacha utulie, ndipo anahamisha uzito. Si polepole ya mtu mvivu. Ni polepole yenye kipimo, hatua zote urefu mmoja, palipoinuka na palipo sawa, kama fundi cherehani anayekanyaga bila kutazama mguu. Wale wauguzi, wenye miguu mirefu, dakika tano za kwanza walikuwa wanakwama nyuma yetu kama gari nyuma ya trekta. Ya sita wakazoea, wakaanza kuangalia pembeni, ambako ndiko mambo yaliko.

Tukasimama kwenye isale. Ni mmea wa majani marefu kama upanga, ambao Wachaga huupanda mpakani, na jani lake ndilo hubebwa na mtu anayekwenda kuomba radhi. Ukiletewa isale huwezi kukataa kusamehe. Alieleza hayo kwa Kiswahili, taratibu, akimtazama bibi, kisha kwa Kiingereza kwa ufupi zaidi. Tukaendelea. Tukasimama kwenye mfereji wa asili, ule wanaouita mfongo, akaeleza jinsi mababu walivyouchimba kwa kufuata mteremko wa mlima, na jinsi zamu za maji zinavyogawanywa hata leo. Tukaendelea. Tukasimama tena, na safari hii alinyoosha fimbo kwenye tawi la mbuni na kungoja. Hatukuona kitu. Akangoja. Ni mpwa wangu aliyepiga ukelele: jani lilikuwa na jicho. Kinyonga dume, mwenye pembe mbili puani, ameshika tawi kwa vidole kama glavu za mpishi. Wataalamu wa wanyama, walipowatenga vinyonga wa milima yetu katika kundi lao mwaka 2006, waliwapa jina la Kinyongia, kutoka kwenye neno letu hili hili.

Kwenye kituo cha nne nilishtuka. Kila hadithi ilikuwa imewekwa mwisho wa kilima. Si mwanzo, si katikati. Pale hasa ambapo pumzi ya bibi ilikuwa imeanza kusikika. Masale yako mengi njia nzima, tulikuwa tumeyapita kama ishirini, lakini lililoelezwa ni lile la juu ya mteremko wa kwanza. Nikaanza kuhesabu. Tuliposhuka bondeni hakusema neno, ingawa tulipita mti mkubwa ambao mimi ningeuhubiri robo saa. Tulipopanda tena, akapata la kusema.

Nikasogea karibu naye, nikamwambia nimemkamata. Akacheka kimya kimya.

"Mzee, mtu ukimuuliza mbele ya watu umechoka, atasema hapana. Kwa hiyo siulizi. Naweka hadithi, naye anakalia."

Na kuna kingine alichonionyesha baadaye, kwa sauti ya chini, kama anayemkabidhi mwenzake ufunguo. Alikuwa akimuuliza bibi maswali yenye majibu marefu. Nyumba yenu Pangani iko upande gani wa mto? Ulifundisha darasa la ngapi? Bibi akijibu kwa sentensi nzima, twende. Akijibu kwa neno moja, huyo pumzi imemwishia, tafuta isale. Alikuwa anampima mtu kwa mazungumzo, na aliyepimwa alidhani amepata msikilizaji. Alikuwa amepata vyote viwili, nadhani, maana majibu yale aliyatumia tena mchana, kama nitakavyoeleza.

Mahali pa kuvuka kijito kwa mawe hakumpa mtu kiganja. Alimshika kila mmoja kifundo cha mkono na kumwacha naye ashike chake. Kiganja chenye jasho huponyoka. Vifundo viwili vilivyoshikana haviponyoki hata mmoja akiachia. Alitupitisha sita hivyo, yeye akiwa amesimama majini mpaka kwenye mashavu ya miguu.

Maporomoko yenyewe ni ukuta mrefu wa mwamba na maji yanayoanguka kutoka juu mbali, baridi ya kukata meno. Kila anayefika Materuni hupiga picha ile ile, na sisi tulipiga. Mjukuu aliingia majini akatoka kwa kasi kuliko alivyoingia. Bibi alikaa juu ya jiwe, raba zake zikiwa nyekundu sasa, akaonekana kama mtu aliyeshinda uchaguzi.

Wakati wa kurudi, hadithi zilikoma kabisa. Mteremko hautaki pumzi, unataka magoti. Kiongozi aliacha kusimamisha watu, akampa bibi ile fimbo yake ya mkahawa, akawa anatembea kando yake upande wa bondeni.

Kwenye kahawa alinifundisha jambo lingine, la kunyamaza. Kahawa ililetwa Kilimanjaro na mapadre wa Kilema mwishoni mwa karne ya 19, na Wachaga wakaishika wenyewe hadi wakaunda chama chao kikuu cha ushirika, KNCU, mwaka 1933. Najua kwamba anayajua hayo. Lakini tulipofika kwenye kihamba cha mama mmoja wa pale, alitukabidhi kwa mwenyeji na kwenda kukaa kwenye benchi na ndizi yake. Mama akatuonyesha kukoboa buni kavu kwenye kinu, na mzungu mmoja akashika mchi kama anayechimba shimo la choo. Bibi hakuvumilia. Aliinuka, akavua miwani, akachukua mchi, akapiga mapigo manne yenye mdundo, akamrudishia. Mama mwenye kihamba akapiga vigelegele. Kiongozi mwingine angekimbilia kusema bibi apumzike, au angeligeuza jambo lile kuwa onyesho na kutafsiri kila kitu. Wetu alitafuna ndizi. Kahawa ikapepetwa kwenye ungo, ikakaangwa juu ya kuni, ikatwangwa, tukainywa ikiwa na moshi ndani yake, na mtori ukafuata.

Kutoka Moshi kwenda Chemka unashika barabara ya Arusha hadi Boma Ng'ombe, kisha unachepuka kushoto kwenye vumbi. Ni nchi nyingine kabisa: miiba, mbuzi, joto. Unaanza kudhani umedanganywa, halafu ghafla mbele yako kuna mikuyu mikubwa na chini yake dimbwi la buluu, safi kiasi kwamba samaki wanaonekana wamening'inia hewani. Jina linatisha bure. Maji si ya moto, ni ya uvuguvugu tu. Kinachochemka ni mchanga wa chini, unaotibuliwa na maji yanayobubujika kutoka ardhini.

Hapa kazi yake ilibadilika tena. Alizunguka ukingo mzima kabla hajaturuhusu, akatazama wanaoruka kwa ile kamba ya mtini, akatafuta pale maji yanapotoka kuelekea mtoni, ambapo mkondo unavuta. Akauliza nani anajua kuogelea na akaangalia nyuso, si mikono iliyoinuliwa. Mjukuu aliinua mkono. Alipewa tyubu ya gari hata hivyo, na maelezo kwamba inafurahisha zaidi. Kisha kiongozi akakaa kwenye mzizi, na kila baada ya muda midomo yake ilicheza kidogo. Ilinichukua nusu saa kujua anafanya nini. Alikuwa anahesabu hadi sita.

Bibi alikuwa amekunja baibui hadi magotini, miguu majini, vidagaa vikimdonoa vidole. Kiongozi akasogea, akachutama kando yake.

"Bibi, unajua maji haya yanatoka wapi?"

Akamweleza kwamba mvua inayonyeshea misitu ya mlimani huzama kwenye miamba ya volkano yenye matundu, ikasafiri chini kwa chini bila kuonekana, ikaja kutokea huku tambarare.

"Na unajua yanakwenda wapi?"

Bibi akatikisa kichwa.

"Yanaingia mto Kikuletwa. Kikuletwa unaingia bwawa la Nyumba ya Mungu. Ukitoka hapo unaitwa Pangani, unapita Hale kwenye mitambo ya umeme, halafu unamwagika baharini pale kwenu, chini ya nyumba yako."

Alikuwa ameijua habari hiyo tangu saa kumi na mbili asubuhi, alipouliza kila mtu anatoka wapi. Alipita nayo mifereji yote, vijito vyote na maporomoko, mahali kumi ambapo mimi ningeitoa na ingesahaulika, akaitunza siku nzima hadi mwenye nayo awe na miguu yake ndani ya maji.

Bibi aliyatazama maji yakielekea kwenye mkondo. Baadaye akayachota kwa kiganja, akayamwaga taratibu.

"Wasalimieni," akayaambia.

Tuliondoka saa kumi na moja. Garini kila mtu alilala, isipokuwa mimi na dereva na yeye. Tulipokaribia Boma Ng'ombe wingu lilipasuka na mlima ukatokea tena, mkubwa, umegeuka rangi ya shaba. Dereva alipunguza mwendo bila kuambiwa. Kiongozi akageuka nyuma, akatupima mmoja mmoja. Wale Waholanzi walikuwa na ndege kesho yake, akawagusa begani. Mpwa wangu, aliyenong'ona siku nzima kwamba mwakani atapanda hadi kileleni, akamwacha. Akamtazama bibi, raba zake nyekundu zimewekwa vizuri chini ya kiti, kichwa kimeegemea bega la mjukuu, akamwacha naye. Kisha akarudi mbele, na midomo yake ikacheza kidogo.