Dada Yake Florence

William na Frances Nightingale walioana mwaka 1818, wakaenda fungate Ulaya, na fungate hiyo ikachukua miaka. Mtoto wao wa kwanza alizaliwa Napoli mwaka 1819. Wa pili alizaliwa Firenze, mji ambao Waingereza wanauita Florence, tarehe 12 Mei 1820. Wote wasichana, na wote wakapewa majina ya miji waliyozaliwa. Wa pili unamjua. Wa kwanza aliitwa Frances Parthenope, kwa jina la kale la Kigiriki la Napoli, na nyumbani wakalikatakata jina hilo mpaka likabaki Parthe, au Pop tu.

Ninawafikiria ndugu hawa wawili kwa sababu rafiki yangu mmoja, mjamzito wa miezi saba, ameniletea orodha: Siena, Ravenna, Verona, Amalfi, Capri. Anataka jina la mji wa Italia kwa binti yake, na anataka liwe adimu. Siena ameshalikata kwa kalamu, maana limezagaa, hasa lile la Kiingereza lenye n mbili, ambalo kwa kweli ni jina la rangi, ile hudhurungi iliyotokana na udongo wa Siena. Rafiki yangu hajawahi kufika Italia. Amefika kwenye vitabu vyake, na hilo si jambo dogo. Aliniuliza, kwa kuwa mimi ni mtu wa kuhakiki vitabu, ni jina lipi kati ya haya “linasomeka”. Nimeona nimjibu kwa kazi za sanaa zenyewe, kwa sababu suala la kumbebesha mtoto jina la mahali limeshashughulikiwa huko, pengine kwa ustadi, pengine kwa uvivu.

Kabla sijaenda mbali, naomba tusimcheke. Sisi wenyewe tumejaa majina ya mahali. Madina ni mji. Arafa anatoka kwenye uwanda wa Arafat. Safa na Marwa, ambao mara nyingi ni pacha, ni vilima viwili vya Makka, na Zamzam ni kisima. Kina Sharon wote wa Nairobi na Eldoret wamebeba jina la uwanda wa pwani ya Palestina, na wengi wao hawana habari. Tofauti ni kwamba bibi aliyemwita mjukuu wake Madina alikuwa akimwombea dua. Hakuwa akisifia mandhari. Anayemwita mtoto Amalfi anasifia mandhari. Sisemi kwamba sifa ni dhambi, ila sifa na dua ni mizigo miwili yenye uzito tofauti, na mbebaji ni yuleyule mtoto mchanga ambaye hakuulizwa.

Tuanze na Parthenope, jina ambalo kwa uadimu linaishinda orodha yote ya rafiki yangu. Katika hadithi za Kigiriki, Parthenope ni nguva mwimbaji aliyejitosa baharini baada ya wimbo wake kushindwa kumnasa Odysseus. Mawimbi yakaisukuma maiti yake hadi kwenye ufukwe ambapo Napoli ilikuja kusimama. Kwa hiyo familia ya Nightingale ilidhani inampa mtoto jina la mji, kumbe imempa jina la kaburi. Wala sidhani kama lilimdhuru. Aliolewa na Sir Harry Verney mwaka 1858, akaandika riwaya, akapanga na kuandika kumbukumbu za ukoo wa mumewe. Jina lake lilibaki lake. Mdogo wake alienda kwenye vita vya Crimea mwaka 1854, akarudi akiwa mtu maarufu kupita kiasi, na jina Florence likamtoka mikononi. Leo ukitaja Florence kwenye hospitali yoyote ya Afrika Mashariki kuna uwezekano mkubwa muuguzi mmoja akaitika. Hakuna hata mmoja wao anayeitwa kwa ajili ya mto Arno. Mji umeyeyuka ndani ya jina, na jina limekuwa la watu.

Mkurugenzi wa filamu Paolo Sorrentino, mzaliwa wa Napoli, alilifufua jina la dada mkubwa katika filamu yake *Parthenope*, iliyoonyeshwa kwa mara ya kwanza Cannes mwaka 2024. Msichana anazaliwa ndani ya maji ya bahari mwaka 1950, anaitwa kwa jina la mji, na tunamfuata miaka inavyokwenda: uzuri wake, kifo cha kaka yake kule Capri, masomo yake ya anthropolojia, wanaume wanaomtamani. Celeste Dalla Porta anaigiza vizuri kwa kadiri alivyoruhusiwa. Tatizo ni kwamba hakuruhusiwa mengi. Kila mtu anataka kujua anawaza nini, naye anatabasamu, na kamera inatosheka na tabasamu. Nilipoitazama mara ya pili nilianza kuhesabu mara ambazo mwongozaji anamwonyesha akifanya kazi, yaani akisoma, akiandika, akikosea, akifuta, na nikaacha kuhesabu kwa kukosa cha kuhesabu. Tunaambiwa ana akili. Tunaonyeshwa mabega.

Hapa ndipo jina linapomponza Sorrentino. Kwa kuwa msichana anaitwa mji, mwongozaji anaona ametimiza kazi yake akituonyesha mji. Bahari ikimeremeta, Parthenope amemeremeta. Mji ukifiwa, Parthenope ameumbika. Anaweza kuwa mtakatifu, kahaba, huzuni, kiangazi, chochote, isipokuwa mtu mmoja mwenye mambo yake. Matukio yanayopumua ni yale ya ofisini kwa Profesa Marotta, mzee mchovu anayeigizwa na Silvio Orlando, ambaye hamtamani na hamwabudu. Anamsahihisha. Kwa dakika hizo chache jina linashuka begani mwa binti na tunamwona mwanafunzi. Kisha filamu inarudi ufukweni. Mwishoni, mwaka 2023, Stefania Sandrelli anamwigiza akiwa mzee aliyestaafu ualimu kule Trento, kaskazini ya mbali, anarudi Napoli na kukuta mashabiki wa mpira wakisherehekea ubingwa. Miaka yote hiyo ya Trento imerukwa. Mimi ningelipa kiingilio mara mbili kuitazama: mwanamke aitwaye Napoli akifundisha milimani, kwenye baridi, mbali na Napoli. Jina la mahali huanza kuwa na hadithi pale mwenye nalo anapokuwa mahali pengine.

Italo Calvino aliijua siri hii kwenye jina lake mwenyewe. Alizaliwa Cuba mwaka 1923, wazazi wake wakiwa wataalamu wa mimea, na mama yake akamwita Italo ili asiisahau nchi ya wazee wake. Muda si mrefu familia ikarejea Italia, Sanremo, wakati wa Mussolini, na jina lililokusudiwa kuwa kumbukumbu ya ughaibuni likageuka kelele ya uzalendo katikati ya kelele nyingine. Calvino mwenyewe alilisimulia jambo hili kwa kejeli. Mji uleule wa ng’ambo ungelifanya Italo kuwa jina la upole. Nyumbani lilisikika kama bango la serikali.

Halafu tazama alichofanya alipokuwa mtu mzima. Katika *Le città invisibili*, kitabu cha 1972, Marco Polo anamsimulia Kublai Khan habari za miji 55, na kila mji una jina la mwanamke: Zaira, Isaura, Ottavia, Despina, Valdrada. Mtu aliyeitwa kwa jina la nchi aliiita miji kwa majina ya watu. Nimewahi kusoma wahakiki wakilichukulia hili kama pambo. Mimi naliona kama madai ya haki. Yeye hamlazimishi mwanamke yeyote asimame akiwakilisha mnara na mifereji. Anaulazimisha mji uwe na tabia, uwe na siri, ufe. Na Polo anapobanwa na mfalme kwa nini hautaji mji wake, anakiri kwamba katika kila mji anaousimulia kuna kitu anachokisema kuhusu Venezia. Jina Venezia limenyamazishwa karibu kitabu kizima, na kwa sababu hiyo liko kila mahali. Rafiki yangu aliposoma kitabu hiki alipigia mistari majina. Nilimwambia, ukitaka la kiitaliano na adimu, Zaira lipo hapo, tena halimdai mtoto safari ya ndege.

Kuna jambo dogo la kisheria ambalo wapenzi wa majina haya hawalijui, na linanifurahisha kuliko inavyostahili. Kanuni za Italia za mwaka 1939 kuhusu usajili wa raia zilikataza kumpa mtoto jina la mahali, pamoja na majina ya kuchekesha, ya aibu, na majina ya kigeni. Katazo la jina la mahali halipo katika kanuni mpya za mwaka 2000, ingawa bado hairuhusiwi kumpa mtoto jina la ukoo likawa jina lake la kwanza. Na miji mingi ya Italia ni majina ya ukoo, hasa miongoni mwa Wayahudi wa nchi hiyo. Mwanahisabati Vito Volterra alizaliwa Ancona mwaka 1860, na Volterra ni mji wa Toscana. Mtu haitwi wa Volterra akiwa Volterra, kama vile hakuna anayeitwa Mpemba akiwa Wete. Jina hilo ni risiti ya kuhama. Mwaka 1931 Volterra alikataa kula kiapo cha utii kwa serikali ya Kifashisti na akapoteza kiti chake chuoni. Sikiliza basi Ravenna au Volterra likiitwa kwenye sherehe ya mtoto huko mbali kwa sababu lina sauti tamu. Utamu upo, sibishi. Lakini lina wenyewe.

Kazi inayolibeba suala hili mpaka mwisho ni riwaya ya Igiaba Scego, *Adua*, ya mwaka 2015. Scego alizaliwa Roma mwaka 1974, wazazi wake Wasomali. Adua ni namna Waitaliano wanavyoliandika jina la mji wa Adwa, kaskazini mwa Ethiopia, ambako tarehe 1 Machi 1896 jeshi la Menelik II liliwashinda Waitaliano. Oktoba 1935 majeshi ya Mussolini yaliuteka mji huo, na Roma ikashangilia kana kwamba deni limelipwa. Kwa hiyo neno hili moja lina masikio mawili. Kwa Mwafrika ni ushindi. Kwa Muitaliano wa kizazi fulani ni fedheha, kisha kisasi. Wapo wanawake wa Kiitaliano kabisa wanaoitwa Adua. Mke wa kwanza wa mwimbaji Luciano Pavarotti aliitwa hivyo. Ni jina la kiitaliano, adimu, la mahali, na mahali penyewe hapapo Italia.

Msichana wa riwaya anapewa jina hilo na baba yake, Zoppe, kwa heshima ya ushindi wa Waafrika. Scego angeweza kuishia hapo na kutupatia riwaya ya fahari. Badala yake anatuonyesha Zoppe alikuwa nani: mkalimani wa Waitaliano miaka ya 1930, Mussolini akijiandaa kuivamia Ethiopia, mtu aliyeuza ulimi wake kwa watu waliompiga. Baba anayempa binti jina la ushindi ndiye aliyewatafsiria washindwa wa jana walipokuwa wakirudi kushinda. Jina ni kafara. Analipa deni lake kwa mwili wa mwingine. Na sura za kitabu zimepangwa kwa namna inayokuzuia kumsamehe au kumhukumu upesi: binti anasema, baba anafoka, kisha baba anasimuliwa, na mzunguko unaanza tena. Sura za kufoka ndizo fupi na ndizo kali zaidi. Humo baba hamwiti binti ila kumwamrisha.

Udhaifu wa riwaya uko kwenye sehemu ya filamu, Adua anapoletwa Roma kijana mdogo akiahidiwa unyota na kuishia kutumiwa. Wabaya wa hapo ni wabaya mno, wamechorwa kwa mkaa. Lakini Scego ana sikio la ajabu kwa majina ya mtaani, na hilo linafidia mengi. Adua mtu mzima ameoa, ndiyo, nasema ameoa, kijana aliyevuka bahari hadi Lampedusa, na anamwita Titanic, kama wakimbizi wapya wanavyoitwa na Wasomali waliotangulia. Kijana naye anamwita Lira Kuukuu, noti iliyokwisha kutumika. Kwenye nyumba yao hakuna mtu anayeitwa kwa jina la ushindi. Kuna meli iliyozama na pesa isiyonunua kitu, na wanapikiana chakula.

Adua hana wa kumweleza haya. Anamweleza tembo wa mawe wa Bernini pale Piazza della Minerva, ambaye tangu mwaka 1667 amesimama na mnara wa Misri mgongoni, mnara ulioandikwa kwa lugha ambayo waliompandishia hawakuweza kuisoma.