Muhogo Mchungu na Mtu wa Bara

Rashidi Mfaume Kawawa, kabla ya kushika Uwaziri Mkuu wa Tanganyika mwaka 1962, alikuwa mwigizaji mkuu katika sinema za Kiswahili. Katika Muhogo Mchungu, mchezo wa 1952 uliotengenezwa na kampuni ya Afrika Kusini, aliigiza mtu wa shamba aingiaye Dar es Salaam akahadaiwa. Jina hilo lamhukumu kabla hajafumbua kinywa. Hiyo ndiyo kasoro ya mchezo. Njia itokayo Songea, kwao Kawawa mwenyewe, hupita Njombe na Makambako, na vijana wa nyanda hizo walikwisha zoea safari: walikwenda makundi kwa makundi kukata mkonge, wakaitwa manamba, wakarudi na fedha, Kiswahili na (hapana shaka) hila za mjini. Mchezo huu haumjui mtu wa namna hiyo.