Kijava Sinemani: Filamu ya Yowis Ben na Suala la Lugha Nchini Indonesia

Tangu Kiapo cha Vijana cha 1928, Kiindonesia kimekuwa lugha ya umoja, na sinema ya Jakarta imeutii uamuzi huo: msemaji wa Kijava mara nyingi huwa mtumishi au mchekeshaji. Yowis Ben (2018), ya Fajar Nugros na Bayu Skak, inaupindua mpangilio huo. Bayu, kijana wa Malang anayeuza pecel (mboga kwa mchuzi wa karanga), anaunda bendi na wenzake, nao huzungumza Kijava karibu filamu nzima. Asiyekijua ndiye anayelazimika kusoma tafsiri ya Kiindonesia chini ya picha.

Ushindi huo, hata hivyo, ni nusu. Kinachotawala masikioni ni ngoko, rejista ya marafiki na utani, ambayo haikuwa hatarini. Inayodhoofika miongoni mwa vijana ni krama, rejista ya heshima, na hiyo haina mvuto wa kibiashara. Mshauri wa sera akiichukua filamu hii kuwa ushahidi wa uhai wa Kijava, atakuwa amepima ngazi moja tu ya lugha yenye ngazi kadhaa.