Mahadhi Yaliyosubiri Maneno

Filamu nyingi kuhusu watunzi wa nyimbo zina ugonjwa mmoja: mtunzi hutazama mvua dirishani, hukaa kwenye piano, na wimbo hutoka mzima, hauna hata kosa la kufuta. *Three Little Words*, iliyotolewa na MGM mwaka 1950 chini ya mwongozaji Richard Thorpe, haikupona kabisa ugonjwa huo. Lakini ina wimbo mmoja inaoucheleweshea maneno karibu filamu nzima. Kuchelewa huko kumepangwa, na ndiko kunakostahili kutazamwa bila haraka.

Kisa ni cha Bert Kalmar na Harry Ruby, watunzi wa kweli wa New York na baadaye Hollywood. Kwa kawaida Kalmar aliandika mashairi, Ruby akatia muziki. Kalmar anaigizwa na Fred Astaire, Ruby na Red Skelton, na hapo tayari kuna kamari. Astaire, ambaye watu walilipa kiingilio kuiona miguu yake, anapewa mtu anayeumia goti mapema na kulazimika kuliacha jukwaa. Skelton, mchekeshaji wa kuanguka na kukunja uso, anatakiwa atulie. Kila mmoja kapunguziwa silaha yake. Wanabaki wanaume wawili chumbani, mmoja na mahadhi, mwingine na kalamu.

Ruby ana mahadhi anayoyapenda. Anayapiga, Kalmar hayapatii maneno. Anayapiga tena siku nyingine, Kalmar anaomba kitu kingine. Mara ya kwanza tunadhani ni mzaha mdogo. Mara ya tatu tunacheka kabla Ruby hajagusa piano. Hatutambui kwamba wakati tunacheka, mahadhi yenyewe yanatuingia sikioni.

Anayeijua biashara ya nyimbo ya enzi hizo atautambua ujanja huu. Kabla redio haijaenea, wachapishaji wa New York, wengi wao wakiwa mtaa wa 28 Magharibi, eneo lililoitwa Tin Pan Alley, waliuza nyimbo kama karatasi za nota. Ili karatasi inunuliwe, walimlipa mpiga piano aupige wimbo tena na tena mpaka watu waondoke wakiuimba puani. Ruby mwenyewe aliwahi kuifanya kazi hiyo. Kwa hiyo filamu inamfanyia mtazamaji kile ambacho wachapishaji walimfanyia mnunuzi: inamzoesha wimbo kabla ya kumuuzia.

Inasaidia pia kwamba filamu inaheshimu ugumu wa kazi ya Kalmar. Mshairi wa Kiswahili huchagua mizani yake, kisha mwimbaji hutafuta mahadhi ya kuibeba. Kalmar alikabidhiwa mizani ya mwenzake. Noti ndefu inadai irabu iliyo wazi. Noti fupi zinazokimbizana hazivumilii neno lenye konsonanti nyingi. Kina lazima kiangukie pale muziki unapopumua, na bado sentensi isikike kama ya mtu anayezungumza tu. Neno moja likizidi silabi, wimbo unachechemea. Ndiyo maana Kalmar anapoyakataa mahadhi ya rafiki yake haonekani mkaidi. Tunamwona fundi asiyekubali kushindilia maneno pasipo nafasi.

Kuzunguka subira hiyo, mwandishi George Wells amejenga kichekesho kilichoshonwa vizuri. Kalmar ana kichaa cha mazingaombwe, Ruby ana kichaa cha besiboli, na kila mmoja anayapanga maisha ya mwenzake kisirisiri, kwa nia njema. Kalmar anamsukuma Ruby aende kwenye kambi ya besiboli ili kumwepusha na mwanamke asiyemfaa. Ruby naye anauzima mpango wa tamthilia ya Kalmar, kwa kuwa anaiona mbovu. Siri ikifichuka, urafiki unavunjika. Wameandikia nchi nzima maneno ya mapenzi, ila wao kwa wao hawajui kusema jambo waziwazi. Wake zao, walioigizwa na Vera-Ellen na Arlene Dahl, ndio wanaopaswa kuwarudisha pamoja.

Ufundi wa wengine nao haujifichi. Mapema, Astaire na Vera-Ellen wanacheza dansi ya mume na mke nyumbani, ambamo shughuli za kila siku za nyumba zinageuzwa hatua, hakuna mkono unaoinuka bila kazi. Debbie Reynolds, binti mdogo wakati huo, anaigiza mwimbaji Helen Kane, lakini sauti tunayoisikia ni ya Kane mwenyewe. Midomo ya mmoja na koo la mwingine vinakutana hata usione mshono. Muziki uliongozwa na André Previn, kijana aliyezaliwa 1929, na kazi hiyo ikateuliwa kuwania Oscar.

Ni kweli, filamu inadanganya inapoufanya wimbo huo uliocheleweshwa kuwa tamati ya kisa. Ndio wimbo ulioipa filamu jina, nao ulitumika mwaka 1930 katika filamu ya *Check and Double Check*, pamoja na okestra ya Duke Ellington, na baada yake wawili hao waliendelea pamoja hata kuwaandikia wachekeshaji ndugu Marx filamu za *Horse Feathers* na *Duck Soup*. Lakini uongo huu umechaguliwa kwa akili, kwa sababu unaifanya ndoa ya neno na noti ibebe mzigo wa urafiki mzima.

Faida yake inaonekana mwishoni. Mwandishi mwingine angewapa marafiki hawa hotuba ya kuombana msamaha. Hapa Kalmar anapata maneno, basi. Mahadhi tunayajua kwa moyo, kisa cha ugomvi tunakijua, hakuna kilichobaki kuelezwa. Astaire anaimba kwa sauti yake nyepesi isiyojitutumua, na wimbo mfupi unafanya kazi ambayo kurasa tano za mazungumzo zingeiharibu.