Doa Jeusi

Katika miaka ya 1960, American Philatelic Society, chama cha wakusanya stempu cha Marekani kilichoanzishwa 1886, kilizipa "doa jeusi" stempu ambazo kiliona zimetolewa ili kumkamua mkusanyaji. Kati ya vigezo vyake, viwili vinanisumbua: kwamba stempu haikuuzwa posta kama kawaida, na kwamba picha yake haihusiani na nchi iliyoitoa.

Nina stempu ya Tanzania yenye sura ya Michael Jackson. Kwa kigezo cha pili ingestahili doa. Nakataa. Mtaani kwetu watoto waliteleza kinyumenyume kama yeye hadi soli zikaisha. Nani atuambie hatuhusiani naye?

Kigezo cha kwanza ndicho kinachonifunga mdomo. Nimepekua barua zote ambazo shangazi alituandikia miaka ile kutoka Tabora. Bahasha zina twiga, pundamilia, tembo. Michael hayumo hata kwenye moja. Yangu niliinunua mtandaoni, safi, haijawahi kulambwa.

Chama kilikosea kukagua sura. Kuhusu safari kilikuwa sahihi: stempu isiyobeba barua ni picha tu yenye meno.